Kampuni Ilipoitwa Kizimbani

Oktoba 2001, kampuni ya Iridium India ilipeleka malalamiko ya jinai kwa hakimu wa Pune, magharibi mwa India. Mlalamikiwa alikuwa Motorola, kampuni kubwa ya Marekani ya simu na redio. Hakimu aliyapima malalamiko, akaona yana msingi, akatoa samansi. Miaka tisa iliyofuata iliishia kwenye mabishano juu ya wito huo tu. Kesi yenyewe ya udanganyifu haikuanza kusikilizwa.

Ugomvi ulitoka angani. Motorola ilikuwa imebuni mtandao wa setelaiti 77, ukapewa jina la Iridium kwa kuwa elementi hiyo ina namba 77. Baadaye zikapunguzwa hadi 66, jina likabaki. Waraka wa mwaka 1992 ulitumika kutafuta wawekezaji, na taasisi za fedha za India, kupitia Iridium India, zikatia mamilioni ya dola. Novemba 1998 Makamu wa Rais wa Marekani, Al Gore, alipiga simu ya kwanza. Lakini kifaa kilikuwa kizito kama tofali, bei yake maelfu ya dola, na ndani ya nyumba hakikushika mawimbi. Agosti 1999 Iridium ilifilisika, takriban dola bilioni 5 zikiwa zimeteketea. Mwishoni mwa 2000 mtandao mzima ukauzwa kwa dola milioni 25.

Wahindi walidai kwamba waraka ule ulijaa ahadi ambazo Motorola ilijua hazitatimia. Waliegemea kifungu cha 420 cha kanuni za adhabu za India za mwaka 1860, kanuni zilezile ambazo Waingereza walizileta Kenya na Tanganyika na zikatumika huko hadi 1930. Kifungu hicho kiliamuru kifungo pamoja na faini. Sasa kampuni utaifungaje?

Motorola haikusubiri kesi. Ilikwenda Mahakama Kuu ya Bombay kuomba samansi ifutwe, na Agosti 2003 ikashinda. Majaji walisema kampuni yaweza kudanganywa, ila haiwezi kudanganya, maana nia ovu ni ya binadamu. Hoja ya ajabu kidogo: kampuni ina akili ya kutosha kuamini uongo, lakini haina ya kuutunga!

Hoja ya kifungo ilianguka kwanza. Mwaka 2005, katika kesi ya benki ya Standard Chartered, majaji watatu dhidi ya wawili wa Mahakama ya Juu waliamua kwamba kampuni itashtakiwa hata kama sheria inalazimisha kifungo, itatozwa faini. Kisha, Oktoba 2010, majaji Sudershan Reddy na Nijjar wakairudishia uhai samansi ya Pune. Nia ya wanaoiongoza kampuni, walisema, ndiyo nia ya kampuni. Motorola ilijitetea kwamba waraka uliwaonya wawekezaji juu ya hatari zote. Ikajibiwa kwamba uzito wa maonyo hayo utapimwa kwenye kesi, si kabla yake.

Wapo waliotaka kuigeuza kanuni hiyo. Machi 2013 jaji maalumu wa Delhi, O. P. Saini, alimwita mwenyekiti wa kampuni ya simu ya Bharti, Sunil Mittal, katika kesi ya ugawaji wa masafa ya simu wa mwaka 2002, ingawa wapelelezi walikuwa wameishtaki kampuni bila kumtaja yeye kuwa mshtakiwa. Sababu yake: kiongozi ndiye akili ya kampuni, basi kosa la kampuni ni lake. Januari 2015 Mahakama ya Juu ilifuta wito huo. Nia hutoka kwa mtu kwenda kwa kampuni. Haitoki kwa kampuni kumrudia mtu, isipokuwa kuna ushahidi dhidi yake mwenyewe au sheria imesema hivyo waziwazi. Jaji Saini aliachiwa nafasi ya kuita tena akipata ushahidi. Oktoba mwaka huohuo aliiondolea mashtaka kampuni yenyewe, akiwakemea wapelelezi kwa hati ya mashtaka iliyopotosha mambo.