Simulizi ya Mateka: Ni ya Nani?

Fasihi ya Marekani ina utanzu mkongwe unaoeleza jinsi mtu alivyotekwa, alivyoishi mikononi mwa waliomteka na alivyorudi kwao. Kwa Kiswahili nauita simulizi ya mateka. Simwiti mhusika mfungwa, maana mfungwa amepitia hukumu, mateka amenyakuliwa. Isitoshe, vitani mateka ni watu na pia mali iliyotwaliwa, kwa hiyo neno lenyewe linaonyesha mtu akihesabiwa kama mali.

Kitabu kilichoupa utanzu huu umaarufu ni cha Mary Rowlandson, mke wa mchungaji wa Lancaster, Massachusetts, aliyetekwa na wenyeji Februari 1676. Alikaa nao majuma 11, akakombolewa kwa pauni 20. Kitabu kilipotoka 1682, mwanamume asiyejitaja jina alikitilia dibaji, akamtetea mwanamke huyo kwa kuthubutu kuchapisha na kumwelekeza msomaji auone humo mkono wa Mungu. Weetamoo, kiongozi wa kike wa Wapocasset ambaye Rowlandson alimtumikia, hakuacha maandishi. Picha tuliyo nayo ya sura na tabia yake imechorwa zaidi na mateka aliyemchukia.

Hapo ndipo kile kihusishi "ya" kinaponitia wasiwasi, kwa kuwa kinamkabidhi mateka umiliki wa simulizi. Kwa mfano, Swema, msichana wa Kiyao, alifikishwa Zanzibar miaka ya 1860 akiwa hoi, akazikwa angali hai, akaokolewa na kupelekwa misheni ya Wakatoliki. Aliyapitia yeye, kwa Kifaransa yaliandikwa na padri.

Bungoma, magharibi mwa Kenya, hali ni nzito zaidi. Mwaka 1895 majeshi ya Waingereza na washirika wao yaliivunja ngome ya Wabukusu ya Chetambe, karibu na Webuye, na wanawake na watoto wakatekwa. C. W. Hobley, ofisa aliyehusika na vita hivyo, alichapisha kumbukumbu zake 1929. Kuziita kumbukumbu hizo simulizi ya mateka ni kuwadhulumu wanawake wale mara ya pili. Jina linalozifaa ni simulizi ya mtekaji.

Kwa hiyo mwalimu wa fasihi wa Kitale au Bungoma anapofundisha istilahi hii, asiishie kwenye maudhui. Awaulize wanafunzi nani alisema, nani aliandika, nani alitia dibaji. Kisha awatume kwa kukhu (bibi) zao, wakarekodi masimulizi ya Chetambe kwa Lubukusu kabla ya kuyatafsiri, na jina la msimulizi, akiridhia, litangulie la mwanafunzi.