Faili Zinazozitia Uhai Kadi Kongwe za Mtandao

Nchi ya Masisi na Walikale, katika Kivu ya Kaskazini, ina sehemu yake katika tarikhi ya kompyuta, ijapokuwa waandishi wa taaluma hiyo aghalabu hawaitaji. Kwani bati, ambalo ndilo asili ya lehemu ishikayo kila kipande juu ya kadi ya mtandao, huchimbwa Bisie kule Walikale, na tantali iingiayo katika kapasita ndogondogo hutokana na koltani ya Rubaya kule Masisi. Koltani ilipanda bei ghafla mwaka 2000. Na katika miaka iliyofuata wapagazi wa Bisie walipita msituni na magunia ya kilo 50 migongoni hadi Njingala, ili mzigo ufikishwe Kilambo, ambako ndege zilitua juu ya barabara ya lami.

Lakini kadi, hata ikikamilika madini yake yote, ni bubu mpaka ipate draiva, yaani programu inayoitafsiria kompyuta lugha ya kadi hiyo. Na draiva nayo, pamoja na programu zinazoitegemea, huegemea faili za maktaba shirikishi, ambazo ni hazina ya amri zilizoandikwa mara moja na kutumiwa na programu nyingi kwa pamoja. Fikra hiyo ya ushirika ilikuwapo tangu mfumo wa Multics wa miaka ya 1960, kabla Robert Metcalfe na David Boggs hawajabuni Ethernet katika maabara ya Xerox mwaka 1973.

Katika zama za mfumo wa DOS, fundi aliyekuwa na kadi ya NE2000 ya kampuni ya Novell aliifungua mashine, akahamisha kwa vidole vifuniko vidogo juu ya vijiti vya kadi ili kuichagulia anwani yake, kisha akaziita programu tatu kwa taratibu isiyogeuzwa: LSL kwanza, halafu draiva ya NE2000, na mwisho IPXODI; alipokosea mpangilio, mtandao haukupatikana. Ili kila mtengenezaji asilazimike kuanza upya, Microsoft na 3Com waliweka kanuni ya NDIS, ambayo kwayo draiva ya kadi yoyote iliweza kuzungumza na mfumo kwa njia moja.

Matatizo makubwa yalikuja na Windows. Maktaba shirikishi, ambayo katika Windows huitwa DLL, ilikuwamo faili ya WINSOCK.DLL; faili hiyo, ambayo kila programu ya intaneti iliihitaji, ilitolewa na makampuni mbalimbali, kila moja kwa namna yake. Hata Peter Tattam, akiwa mbali kule Tasmania, alitoa Trumpet Winsock yake, iliyowafikisha watu wengi kwenye intaneti. Kwa kuwa jina la faili lilikuwa moja, programu mpya ilipoingia iliweza kuifuta ile ya kwanza na kuweka yake, pengine iliyo kongwe zaidi, na mashine iliyokuwa ikifanya kazi jana ikashindwa leo pasipo taksiri ya mwenyewe. Windows 2000 ndiyo iliyoanza kuzilinda barabara faili za mfumo. Waandishi wa Linux, kwa upande wao, walibuni ndiswrapper, iliyoziwezesha draiva za Windows kutumika katika mfumo usiokuwa wao, kazi ninayoihesabu kuwa ya ihsani kubwa kwa wenye kadi zilizotupwa na watengenezaji wake.

Habari hii ina uzito maalumu Masisi na Walikale, kwa kuwa mashine nyingi zifikazo huko kwa njia ya Goma zimekwisha kutumika kwingine. Windows XP iliacha kuhudumiwa Aprili 2014, na Windows ya biti 64 haikubali draiva za biti 32. Basi kadi nzima, isiyo na kasoro hata moja, huachwa kwa kukosa faili ndogo, na fundi hawezi kuipakua faili hiyo, kwani kadi yenyewe ndiyo ingalikuwa njia. Anayeichukua faili ya DLL kwa asiyemjua hujitia hatarini, kwani virusi huweza kujificha ndani yake.

Kwa hiyo nawasihi wote wapelekao kompyuta kongwe katika zahanati, shule na parokia za nchi hiyo: andikeni jina la kadi na toleo la mfumo juu ya karatasi, tieni draiva na maktaba zake zote katika flashi, na flashi hiyo iambatane na mashine tangu siku inapotoka mikononi mwenu.