Muguka: zao au kilevi?
Muguka, neno lililoshuka pwani pamoja na bidhaa yenyewe kutoka Mbeere, kaunti ya Embu, ni aina ya miraa inayotafunwa majani machanga badala ya ganda la vijiti, na ndani yake mna kathinoni, kemikali ya kuchangamsha ubongo iliyo jamaa ya karibu ya amfetamini. Kwa urahisi wa bei umeenea Likoni, Kisauni na Changamwe huko Mombasa, nao huleta ukosefu wa usingizi, moyo kwenda mbio na, kwa baadhi ya walaji, maradhi ya akili. Mei 2024 Gavana Abdulswamad Nassir aliupiga marufuku Mombasa, lakini Mahakama Kuu ikaisimamisha amri hiyo. Sheria huuita zao. Afya ya vijana yadai uitwe kilevi kwanza.