Wino wa Nikolas

Mwaka 1845, mjini Frankfurt, tabibu Heinrich Hoffmann alichapisha Struwwelpeter, kitabu alichomtungia na kumchorea mwanawe. Katika hadithi mojawapo, Ludwig, Kaspar na Wilhelm wanamcheka mtoto mweusi apitaye njiani. Nikolas anawakanya, hawasikii. Basi anawachovya katika kidau cha wino, nao wanatoka weusi kumshinda waliyemcheka.

Wengi waliisifu hadithi hiyo kuwa yakataza dharau. Lakini mtoto yule hakukosa lolote, na rangi yake ndiyo iliyofanywa adhabu.

Ujerumani iliyolea wana kwa kitabu hicho ndiyo iliyotawala toka Pwani hadi Ruvuma, Mbesa ikiwamo, na mwaka 1906, wakati wa Vita vya Maji Maji, ikamnyonga Nduna Songea Mbano. Kitabu hakikufunga kitanzi. Ila jicho lililozoezwa utotoni kuuona weusi kuwa adhabu halishtuki upesi.

Mwaka 2009 wachapishaji wa Kijerumani walibadili neno la kuwadhalilisha weusi katika hadithi za Pippi za Astrid Lindgren. Ni hatua njema. Lakini katika Struwwelpeter hakuna neno moja la kufutwa likatosha: wacheka wana majina, mchekwa hana jina wala hasemi. Deni hilo hulipwa kwa hadithi nyingine, ambamo yeye ndiye msimulizi.