Wakipsigis na Wagusii: Ujirani Tangu Kabianga hadi Chepilat

Kutoka Merigi, katika kaunti ya Bomet, ukishika barabara kuu kuelekea mashariki unapita Longisa na kufika Mulot, kando ya mto Amala, na hapo umewafikia Wamaasai. Ukigeukia magharibi unapita Bomet mjini, Kaplong na Sotik hadi Chepilat, na hapo umeukanyaga mpaka wa Ugusii. Wakipsigis wa Bomet wameishi kati ya majirani hao wawili kwa muda mrefu, wakapigana nao wote na kuoana nao wote. Lakini ujirani na Wagusii ndio uliojaa maneno zaidi, na ndio unaotiwa chumvi kila uchaguzi unapokaribia.

Husemwa barazani, na hata kwenye redio, kwamba watu hawa ni maadui wa jadi. Mimi siukubali usemi huo. Vita vya kale vilikuwapo, tena vikali. Hata hivyo, picha ambayo Mkipsigis wa leo anayo kumhusu Mgusii, na ambayo Mgusii anayo kumhusu Mkipsigis, haikuchorwa vitani. Sehemu yake kubwa ilichorwa katika karne ya ishirini, kwenye mashamba ya walowezi, kwenye laini za wachuma chai, yaani safu za nyumba za kampuni, na juu ya mstari wa mpaka uliopigwa ofisini.

Simulizi za Wagusii zinaeleza kwamba katika karne ya 18 mababu zao walitoka nyanda za Kano karibu na ziwa, wakapanda hadi Kabianga, katika Kericho ya leo. Hawakudumu. Baridi iliwaulia wimbi, ng'ombe wao wakaporwa na Wakipsigis na Wamaasai, na mwishowe wakaondoka kuelekea kusini, wakapitia Transmara, kisha wakafika kwenye milima wanayoishi sasa. Kabianga imebaki katika kumbukumbu zao kama mahali pa njaa. Leo kuna chuo kikuu pale, na majani ya chai yamefunika vilima vyote, kwa sababu ubaridi na mvua zilizowashinda wakulima wa wimbi ndizo zinazoistawisha chai. Jambo hili tutalirudia.

Karne ya 19 ilikuwa ya uvamizi wa mara kwa mara. Wakipsigis walikuwa wakipanuka kusini na magharibi, na ng'ombe wa Wagusii walikuwa karibu. Mwanzoni mwa miaka ya 1890 Wakipsigis walikutana na kipigo ambacho hawajakisahau. Wakipsigis hukumbuka msiba wa Mogori, jeshi la vijana lilipozingirwa na wengi wasirudi nyumbani. Wagusii nao husimulia ushindi wao wa Saosao wa miaka hiyohiyo. Hadi hapo Wakipsigis walikuwa wamemwona Mgusii kama mkulima wa kuvamiwa. Baada ya hapo walimwona kama mtu wa kuogopwa, na kwa mawazo yangu heshima hiyo ilikuwa na faida, maana mashambulizi makubwa ya aina ile hayakurudiwa.

Kinachosahaulika ni mambo yaliyoendelea kati ya vita na vita. Mwaka wa ukame, Mkipsigis aliyekuwa na mbuzi na asiyekuwa na nafaka alivuka kwenda kutafuta wimbi kwa Wagusii. Watoto na wanawake waliotekwa, au waliokimbia njaa, walipokewa katika boma, wakapewa ukoo na kufanyiwa jando na unyago pamoja na wenzao, na baada ya hapo hawakuitwa wageni. Zipo koo za Kipsigis zinazojulikana wazi kuwa na asili ya Ugusii, kama zilivyo nyingine zenye asili ya Umaasai. Tohara yenyewe iliwasogeza karibu: Mgusii na Mkipsigis, ingawa lugha zao ni mbali kabisa, mmoja Mbantu na mwingine Mkalenjini, walielewana kuhusu maana ya kuwa mtu mzima kuliko Mgusii alivyoelewana katika jambo hilo na jirani yake Mjaluo.

Kisha ukaja mwaka 1905. Mwezi wa Juni, kwa kisa cha ng'ombe waliochukuliwa kutoka kwa Wamaasai, jeshi la Waingereza chini ya Meja Richard Pope-Hennessy liliingia Sotik na kuua watu wengi mno kwa bunduki za rashasha. Mwaka huohuo jeshi lilipelekwa Ugusii pia, na mwaka 1908, baada ya Otenyo, Mgusii, kumchoma mkuki mtawala wa Kiingereza G.A.S. Northcote, likarudi kuchoma nyumba na kukusanya mifugo. Jamii hizi mbili zilivunjwa na mkono mmoja, katika miaka ileile. Inasikitisha kwamba kumbukumbu hizo mbili hazikuunganishwa: kila upande huomboleza wafu wake peke yake.

Baada ya mauaji ikachukuliwa ardhi. Ukanda wa Sotik, uliokuwa kati ya Wakipsigis, Wagusii na Wamaasai, uligawiwa walowezi wa Kizungu, na serikali haikuficha kwamba ilitaka uwe kizuizi cha kuwatenganisha majirani hao. Kwa zaidi ya miaka 50 hapakuwa na malisho ya pamoja wala mto wa kunyweshea pamoja. Kulikuwa na ua, mbwa na kipande cha kibarua.

Mahali pengine pa kukutana palipatikana Kericho. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza serikali ilikuwa imewapa maafisa wa jeshi waliolemazwa vitani ardhi ya Wakipsigis walime kitani. Mradi ukaanguka, na katikati ya miaka ya 1920 kampuni za Brooke Bond na James Finlay zikaanza kupanda chai. Chai ilihitaji mikono mingi, mwaka mzima. Wakipsigis wengi, waliokuwa bado na mifugo na maboma yao karibu, hawakuvutiwa na kikapu cha kuchumia. Basi walioletwa kujaza laini walikuwa hasa Wajaluo, Wagusii na Waluhya. Wajukuu wa watu waliofukuzwa Kabianga na baridi walirudi kwenye vilima vilevile kama vibarua wa mshahara, wakilala katika vyumba vya kampuni na kuamka kabla ya jua kuchuma majani mawili na chipukizi.

Hapa ndipo picha zilipochorwa upya. Wasimamizi wa mashamba walikuwa na desturi ya kulipangia kila kabila kazi yake: huyu wa kuchuma, yule wa kuchunga, mwingine wa kulinda. Mgusii alisifiwa kuwa mchapakazi na kulaumiwa kuwa mwepesi wa hasira. Mkipsigis alisifiwa kwa ng'ombe na ulinzi, akalaumiwa kuwa mvivu wa jembe. Maneno hayo yalitoka kwenye vitabu vya ajira, yakaingia kwenye laini, na kutoka hapo yakaenda vijijini, ambako leo husemwa kana kwamba yalirithiwa kutoka kwa babu wa babu.

Ukweli wa wakati huo unayakanusha. Hao Wakipsigis walioitwa wavivu wa jembe walikuwa wamekwisha kulipokea jembe la kukokotwa na ng'ombe, walilima mahindi, na kuanzia miaka ya 1930 walikuwa wakijenga vinu vya kusaga vinavyozungushwa na maji ya mito yao. Mnunuzi mkubwa wa mahindi yao alikuwa shamba la chai. Kwa hiyo posho aliyokula mchumaji Mgusii jioni ilitoka shambani kwa Mkipsigis, na fedha za mahindi hayo zilijenga kinu kingine. Hao Wagusii nao, walioonekana kama vibarua wa kuzaliwa, walikuwa miongoni mwa Waafrika wa kwanza nchini kuruhusiwa kupanda kahawa, katika miaka hiyohiyo ya 1930. Walitegemeana kabisa, ila mtegemeano huo ulipitia ofisi ya kampuni, na hawakuuona kwa macho.

Uhuru ulipokaribia likafanyika jambo ambalo vijana wengi hawalijui. Hadi wakati huo Kericho, pamoja na Bomet hii ya leo, ilikuwa ndani ya Mkoa wa Nyanza, mkoa mmoja na Kisii. Viongozi wa Kipsigis, Taaitta Toweett akiwa mstari wa mbele, walitaka kujiunga na Wakalenjini wenzao, na mipaka ya majimbo ilipochorwa upya Kericho ikahamia Bonde la Ufa. Madai yao yalikuwa na msingi. Matokeo yake, hata hivyo, ni kwamba mstari kati ya wilaya mbili za mkoa mmoja uligeuka kuwa mpaka wa mikoa miwili, kila mmoja na siasa zake. Wakati huohuo mashamba ya walowezi ya ukanda wa Sotik yaligawanywa: Wagusii wakapewa upande wa Borabu, Wakipsigis upande wa Sotik. Kizuizi kikaondolewa, na watu wasiokuwa wamepakana kwa nusu karne wakajikuta uzio kwa uzio, kila mmoja akiamini kuwa kipande cha mwenzake kilikuwa cha babu yake.

Miaka hiyohiyo ilikuwa na sura nyingine, nami naipenda kuliko zote. Mwaka 1964 mjini Tokyo, Wilson Kiprugut, Mkipsigis, alishinda nishani ya kwanza ya Olimpiki katika historia ya Kenya, shaba ya mita 800. Mwaka 1968 mjini Mexico City, Naftali Temu, Mgusii, alishinda dhahabu ya kwanza ya Kenya katika mita 10,000, na Kiprugut, katika timu hiyohiyo, akaondoka na fedha. Bendera ya taifa changa ilipandishwa na watoto wa pande mbili za ukanda wa Sotik.

Ghasia za 1992, siasa ya vyama vingi iliporudi, ziliufikia pia mpaka huo wa Sotik na Borabu. Za 2007 na 2008 zilikuwa mbaya zaidi. Chepilat ilichomwa, na vijana walirushiana mishale katika mashamba ya mpakani. Vurugu ziliingia hata ndani ya shamba la Unilever huko Kericho, ambako watu 7 waliuawa na wanawake wakabakwa. Wafanyakazi wa jamii za wageni, Wagusii wakiwamo, ndio waliolengwa. Waathiriwa zaidi ya 200 walipeleka madai yao London. Mwaka 2018 Mahakama ya Rufaa ya Uingereza iliamua kwamba kampuni mama haikuwa na jukumu la kisheria la kuwalinda. Ninaona uchungu kila ninapofikiria kwamba watu waliochuma chai miaka yote hiyo kwenye vilima vya Kericho walilazimika kutafuta haki ng'ambo, na hata huko wakaikosa.

Chepilat imejengwa tena. Upande mmoja wa barabara ni kaunti ya Nyamira, upande wa pili ni Bomet. Siku ya soko, ndizi na parachichi hutoka upande wa Ugusii, maziwa na ng'ombe upande wa Sotik. Mama wa Kigusii humwamkia mwenye maziwa kwa "chamgei", naye hujibiwa "bwakire buya", kisha wanahamia Kiswahili kupatana bei. Wapo wanaooana, na watoto wao husoma shule za mpakani wakizungumza lugha tatu.

Kericho kwenyewe mambo yanabadilika kwa kasi. Mashine za kuchumia chai zimechukua kazi ya wachumaji wengi, na Mei 2023 waandamanaji waliziteketeza kadhaa. Wanaopoteza kazi ni Wagusii wa kwenye laini na Wakipsigis wa vijiji vya jirani, kwa mkupuo mmoja, na wote wanagombania vibarua vilevile vya kuchuma kwa wakulima wadogo. Laini zilizowakutanisha kwa karibu miaka 100, chini ya macho ya msimamizi, zinapunguza watu. Kazi hiyo ya kuwakutanisha sasa inafanywa na masoko kama Chepilat, ambako bei ya mkungu wa ndizi hupangwa na hao wawili peke yao.