Ngome za Scotland: ziara ya kundi dogo ikoje?

Wadau, wapo wanaouliza ziara hizi zikoje. Kwa kifupi ni basi dogo, watu kama 16 hivi, na mara nyingi dereva ndiye mwongozaji. Basi dogo lina faida yake, maana barabara nyingi za kule milimani zinapitisha gari moja tu. Mkikutana, mmoja anasubiri pembeni.

Utaiona Stirling, alikotawazwa Malkia Mary mwaka 1543 akiwa na miezi tisa tu. Kando ya Loch Ness ipo Urquhart, iliyolipuliwa mwaka 1692 na askari wake wenyewe ili maadui wasiitumie. Eilean Donan ilibomolewa na meli za kivita mwaka 1719, ikaja kujengwa upya, kazi ikaisha 1932.

Ila jamani, msiishie kupiga picha. Yale mabonde matupu zamani yalikuwa na watu! Katika karne ya 18 na 19 wenye ardhi waliwafukuza wakulima ili wafuge kondoo, wengi wakaishia Kanada. Ngome zinakarabatiwa, nyumba za wakulima zimebaki mawe tu. Mkiwa wachache ni rahisi kumuuliza mwongozaji: hapa walikaa kina nani? Asipogusia, muulizeni.

Aliyewahi kufika atuongezee.