Kupiga Deki Kulianza Melini, Si Kejani

Wiki tatu zilizopita shangazi yangu aliniita kwake niangalie sakafu. Anaishi kwa zile nyumba mpya za ghorofa zenye "mbao" sebuleni, zile zinapendeza sana kwa picha. Sasa mbao zilikuwa zimefura kwenye maungio, kingo zimeinuka kama mkate ulioangukia chai. Fundi alisema neno moja tu: maji. Shangazi naye akasema lake: dada wa kazi atakatwa mshahara.

Dada alikuwa amesimama mlangoni wa jikoni, hasemi kitu. Kosa lake? Alipiga deki. Kila asubuhi, ndoo ya maji, sabuni ya unga, kitambaa kikilowa chepechepe, vile tu mimi na wewe tulifunzwa nyumbani. Siku hiyo sikuwa na jibu. Nikaenda nikasoma. Na wasee, historia ya sakafu ya mbao ni ndefu kuliko nilivyodhani, na sehemu kubwa yake inahusu vitu viwili: maji, na nani analaumiwa.

Anza na hilo neno lenyewe. Deki ni neno la mabaharia, limetoka kwa Kiingereza, na maana yake ya kwanza ni sakafu ya juu ya meli. Kwa meli za zamani za mbao, mabaharia walimwaga maji ya bahari kwa deki na kuisugua kwa mawe. Haikuwa usafi pekee. Katikati ya ubao na ubao walikuwa wameziba kwa nyuzi na lami, na mbao ikikauka sana inasinyaa, nafasi zinafunguka, maji yanavuja hadi chini mahali watu wanalala. Mbao ikilowa inafura na kubana. Yaani kwa meli, kufura ndiyo ilikuwa inatakikana. Sisi tulichukua neno, tukachukua na ndoo, tukaingia nayo sebuleni.

Kwa nyumba, hadithi ilienda upande mwingine kabisa. Mwaka wa 1684, katika jumba la mfalme Louis XIV huko Versailles, Ufaransa, walianza kung'oa sakafu za marumaru na kuweka vipande vya mbao vilivyopangwa kwa miraba. Sababu? Marumaru ilitaka kuoshwa kila mara, maji yakapenya, na zile nguzo za mbao zilizoshikilia sakafu kutoka chini zikaanza kuoza. Kwa hivyo hii staili ya parketi ambayo watu wanaonea fahari mpaka leo iliwekwa ili watu waache kumwaga maji ndani ya nyumba.

Kama huoshi, utasafishaje? Kwa nta na jasho. Kwa nyumba za matajiri wa Paris kulikuwa na wanaume ambao kazi yao ilikuwa kufunga brashi miguuni na kuteleza huku na huku hadi sakafu ing'ae. Wengine walipiga magoti na kukwangua mbao kwa mkono. Mchoraji Gustave Caillebotte aliwachora hao wakwanguaji mwaka wa 1875, watatu, vifua wazi, wako chini kwa sakafu. Wakubwa wa maonyesho rasmi ya Paris waliikataa hiyo picha. Ilionyeshwa mwaka uliofuata na kundi la wachoraji wenzake, na leo iko katika jumba la makumbusho la Orsay. Watu walipenda sakafu inayong'aa. Mtu aliyeing'arisha ndiye hawakutaka kumwona.

Sasa tuje nyumbani. Kwa nyumba za kale za mawe kule Lamu, mbao ilikuwa chini ya sakafu, si juu yake. Boriti za mikoko zilibeba mawe ya matumbawe na chokaa, na urefu wa boriti ndio uliamua upana wa chumba. Bara, watu wengi walisiriba sakafu kwa udongo na kinyesi cha ng'ombe. Baadaye ikaja simiti, na ile polishi nyekundu iliyopaka rangi soksi za nusu ya Kenya. Simiti haiogopi ndoo. Ndiyo maana kupiga deki kulitufaa: mikono ya mama zetu ilifunzwa na simiti.

Sakafu za mbao za kung'arishwa kwa nta zilikuja sana na nyumba za walowezi na maofisa wa ukoloni. Na nani alizing'arisha? Mara nyingi wanaume Waafrika, watu wazima wenye wake na watoto, wakiitwa "boi". Kuanzia sheria ya 1906, mfanyakazi akitoroka kazi ilikuwa jinai. Kisha ikaja sheria ya kipande ya 1915, ikaanza kutekelezwa baada ya Vita vya Kwanza: mwanaume alitembea na karatasi zake ndani ya kikopo cha chuma, na mwajiri ndiye aliandika humo mshahara na tarehe za kazi. Fikiria kuharibu sakafu ya mtu ambaye kalamu yake ndiyo itaamua kama utapata kazi nyingine.

Turudi kwa sebule ya shangazi. Ile si mbao. Ni laminati. Ilibuniwa Sweden mwaka wa 1977 na kampuni ya Perstorp, ikauzwa kwa jina la Pergo. Ndani ni unga wa nyuzi za mbao uliogandamizwa kwa gundi. Juu yake kuna picha ya mbao, naam, picha iliyochapishwa kwa karatasi, halafu tabaka gumu la kuilinda. Miaka ya 1990 zikaja zile za kubonyezana bila gundi, fundi anamaliza chumba kwa siku moja. Ni kitu kizuri, bei nafuu. Lakini maji yakiingia kwa maungio, ule unga unafura na haurudi. Mbao halisi unaweza kuikwangua kwa msasa ukaanza upya. Laminati ukiikwangua unafuta picha.

Kwa hivyo kama keja yako iko nayo, fanya hivi. Weka mkeka mlangoni, kwa sababu mchanga ndio msasa wa bure. Fagia kwa fagio laini kabla ya kufuta. Kitambaa kikamue hadi kisidondoke hata tone, na sakafu ikauke ndani ya dakika chache. Kitu kikimwagika, futa hapo hapo. Usipake nta wala polishi kwa laminati, haina pa kuingia, itabaki utelezi tu. Usitumie mashine ya mvuke. Gundisha vitambaa chini ya miguu ya viti. Kama ni parketi ya kweli iliyopakwa nta, hiyo inakubali nta tena, lakini ndoo bado inaikataa.

Na sasa ile ya kukata mshahara. Sheria yetu ya Ajira ya 2007, kifungu cha 19, inaruhusu mwajiri kukata kiasi cha haki kwa mali iliyoharibika ikiwa mfanyakazi alikosa kwa makusudi. Kwa makusudi. Mtu aliyeosha sakafu kwa bidii, kwa njia pekee aliyofunzwa, bila kuambiwa hii ni ya aina gani, hajakosa kwa makusudi. Nilimsomea shangazi kwa simu. Akanyamaza, halafu akaniuliza, "Na wewe ulijua hii sakafu haitaki maji?" Nikamwambia ukweli: hapana. "Hata mimi," akasema.

Basi mwisho wa mwezi alilipa mshahara wote. Pole hakusema, na hapo bado tunabishana, kwa sababu naona dada alidai hiyo kuliko pesa.

Maoni yangu ni haya. Ukiweka sakafu mpya kwa nyumba yako, mtu wa kwanza kuelezwa inavyotunzwa awe yule atakayeinama kuisafisha. Na kama huyo mtu ni wewe, pia sawa. Anza kwa kukamua hicho kitambaa.